Viungo vya chai, zawadi ya Krismasi isiyo na sukari
Kwa baridi ya Lushoto, chupa ya viungo vya chai ni zawadi tosha ya Krismasi. Iliki hulimwa jirani, Usambara Mashariki. Changanya vijiko 4 vya tangawizi kavu iliyosagwa, 2 vya iliki, 2 vya mdalasini, 1 cha pilipili manga na nusu ya karafuu. Hifadhi kwenye chupa iliyokauka kabisa. Unyevu huleta ukungu.

Usitie sukari, ili bibi mwenye kisukari naye anywe. Asali asipewe mtoto wa chini ya mwaka mmoja. Majani ya chai huzuia mwili kufyonza madini ya chuma kwenye chakula, hivyo mjamzito asubiri walau saa moja baada ya kula. Watoto wachemshiwe viungo kwa maziwa, bila majani. Andika hayo kwenye karatasi, bandika chupani.