Mnyama Alaye Utando wa Maji

Maji yapwapo katika pwani ya Kenya na Tanzania, mwamba wa matumbawe hubaki wazi, nao wachokoaji wa pweza hupita juu yake wakigeuza mawe. Chini ya mawe hayo hujificha mnyama mwenye mwili mdogo wa mviringo na mikono mitano mirefu yenye miiba. Katika biolojia huitwa Ophiocoma scolopendrina. Neno la pili, alilolitoa Lamarck mwaka 1816, lamfananisha na tandu.

Ni jamaa wa kiti cha pweza, lakini wasichanganywe. Kiti cha pweza hutambaa polepole kwa vijiguu vilivyo chini ya mikono. Huyu huipinda mikono yenyewe, akaenda mbio. Mkono ukishikwa na adui huukata, na mwingine huota taratibu. Hana macho, hana ubongo, wala hana tundu la haja. Makapi ya chakula hutokea kinywani.

La ajabu hasa ni ulaji wake. Maji yanapoanza kujaa, huja na utando mwembamba usoni mwake: povu, chembe za mwani, na vumbi la viumbe vilivyokauka juani. Mnyama huuacha mwili ufani, huinyosha mikono kadhaa hadi usoni mwa maji, kisha huigeuza upande wa chini ukawa juu, akaufagia utando huo. Vijiguu hunasa chembe kwa ute, huzifinyanga kuwa kidonge, na kupokezana kidonge hicho hadi kinywani. Maji yakizidi kina, mikono haifiki tena, na karamu imekwisha. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 2006 uliifuatilia tabia hii katika mwamba wa Kenya.

Mafuta yamwagikayo kutoka melini nayo huelea, na hufika mwambani kwa njia ile ile ya chakula. Jiwe lililogeuzwa na kuachwa hivyo humnyima mnyama kivuli na unyevu mpaka maji yarudi. Kulirudisha ni kazi ya nukta chache tu, ila wachache huikumbuka.

Mwalimu awapeleke wanafunzi siku ya bamvua, wafike kabla ya maji kuanza kujaa, na wasimame bila kukanyagakanyaga. Maji yakiwa bado chini ya kifundo cha mguu, mikono itaanza kuchomoza nyufani.