Si Kila Nyoka Mweusi ni Koboko

Nyoka mweusi akionekana penye makazi ya watu, iwe kambini, katika nyumba za polisi au shambani, neno la kwanza litokalo vinywani mwa wengi ni "Koboko!" Mara fimbo, mawe na mapanga huokotwa, na wakubwa kwa watoto humzunguka mnyama yule. Mara nyingi anayeuawa ni nyoka asiye na sumu, ambaye usiku kucha alikuwa akiwala panya wa ghala. Na mara nyingine mtu hukiokota kijoka cheusi chenye urefu wa shubiri mbili kwa kukidharau, naye akapata jeraha la kumpotezea kidole. Makosa yote mawili hutoka katika chanzo kimoja: kumhukumu nyoka kwa rangi yake.

Makala haya yanakusudia kumweleza msomaji alama za nyoka weusi wapatikanao Uganda na nchi jirani. Lakini ieleweke tangu mwanzo kwamba elimu hii ni ya macho, si ya mikono.

RANGI NI SHAHIDI MWONGO

Koboko mwenyewe si mweusi. Mwili wake ni wa rangi ya majivu, au kahawia, au kijani kilichofifia kama zeituni. Kilicho cheusi ni kinywa chake kwa ndani, ambacho hukipanua anapotisha, na ndicho kilichomletea sifa ya weusi. Tena nyoka wa aina moja waweza kuwa na rangi mbalimbali, na nyoka aliye karibu kujivua gamba hufifia. Wakati wa magharibi, au katika majani yaliyolowa mvua, karibu kila nyoka huonekana mweusi.

Wako pia wasemao kwamba nyoka mwenye sumu hujulikana kwa kichwa chenye pembe tatu na mboni iliyosimama wima kama ya paka. Alama hizo zamfaa moma, lakini katika nyoka weusi zinapotosha. Koboko na fira wana mboni za mviringo na vichwa vyembamba, ilhali nyoka mla panya, asiye na sumu, ndiye mwenye mboni ya paka.

WENYE HATARI

Koboko ni mrefu na mwembamba. Kwa kawaida hufikia mita mbili hadi tatu, na wengine huzidi. Kichwa chake ni kirefu, mfano wa jeneza. Hupenda mbuga kavu zenye vichaka, mawe na vichuguu. Sumu yake hushambulia mishipa ya fahamu na kulegeza misuli ya kuvutia pumzi. Waingereza humwita mamba, jina ambalo kwetu ni la mnyama wa majini, kwa hiyo wasomaji wasichanganye.

Fira wa msituni ni mkubwa, na aweza kupita mita mbili na nusu. Magamba yake hung'aa kana kwamba yamepakwa mafuta, na midomo yake ina mistari myeusi na myeupe inayopishana. Huonekana sana kandokando ya Ziwa Victoria, katika misitu, mashamba na mabwawa, maana ni mwogeleaji hodari. Anapokasirika huinua kifua na kutanua shingo.

Swila ni yule atemaye sumu. Mgongo wake waweza kuwa mweusi au kahawia, lakini koo lake huwa jeusi, na wengine wana mkanda mwekundu au wa waridi shingoni. Huilenga nyuso ya mtu, na sumu yake hufika mbali kiasi cha mita mbili au zaidi. Akiuma, nyama ya mahali pale huweza kuoza.

Yuko pia nyoka wa mitini mwenye macho makubwa kupita kiasi na kichwa kifupi. Makaburu wa Afrika ya Kusini humwita boomslang, yaani nyoka wa mti. Wengi ni wa kijani au kahawia, ila baadhi ni weusi. Ni mpole na mwoga, lakini sumu yake huzuia damu kuganda, na madhara yake huchelewa kuonekana, pengine saa nyingi.

Wa mwisho katika kundi hili ndiye anayedharauliwa kuliko wote. Ni kijoka cheusi king'aacho, chenye macho madogo mno, kisicho na shingo, na mkia mfupi wenye ncha kama mwiba. Hukaa chini ya ardhi na hutoka usiku, hasa baada ya mvua. Meno yake ya sumu huchomoza pembeni mwa mdomo hata ukiwa karibu kufungwa. Kwa sababu hiyo hakuna namna salama ya kumshika: ukimbana nyuma ya kichwa, kama wafanyavyo wajuzi kwa nyoka wengine, atakuchoma kidole. Dawa ya kawaida ya kuzimua sumu ya nyoka haimsaidii aliyechomwa naye. Watoto waonywe juu ya nyoka huyu kabla ya wote.

WASIO NA SUMU

Nyoka mla panya wa nyumbani ni wa rangi ya kahawia, na wengine ni weusi kabisa. Kwa kawaida hazidi sana mita moja. Mtazame kichwani: kila upande ana mistari myembamba ya rangi hafifu ipitayo penye jicho. Tumbo lake hung'aa kama lulu. Hutembea usiku, humkamata panya kwa meno na kumnyonga kwa kumzungushia mwili, kisha humla mzima. Hana meno ya sumu, ingawa akishikwa huuma kwa kujitetea.

Katika nyanda za juu za Kenya na Tanzania yuko mwenzake, mla fuko, mnene na mwenye nguvu, ambaye baadhi yao huwa weusi wanapokomaa. Huyu huwafuata fuko na panya mashimoni mwao. Wakulima wengi humwua kwa kumdhania fira, kisha hulalamika kwamba fuko wamemaliza viazi. Hakika mwenye kuumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, lakini kumwua mlinzi wa shamba kwa kushtuka ni hasara tupu.

HATA MTAALAMU HUSITA

Msomaji asije akadhani kwamba kwa kusoma ukurasa huu amekuwa bingwa. Karl Schmidt alikuwa mmoja wa wataalamu wakubwa wa nyoka nchini Marekani, na mwaka 1923 alitoa kitabu juu ya nyoka wa Kongo. Mwezi wa Septemba 1957, katika jumba la makumbusho la Chicago, aliletewa nyoka mchanga kutoka Afrika ili amtambue. Umbo lilikuwa la boomslang, lakini alama moja ya magamba haikulingana na vitabu, na wenzake nao wakasitasita. Alipomshika, nyoka akamuuma kidole gumba. Kwa kuwa nyoka alikuwa mdogo na jeraha dogo, Schmidt hakutafuta matibabu, bali aliandika daftarini mabadiliko ya mwili wake. Kesho yake alifariki.

Huku kwetu, Kapteni Charles Pitman, aliyekuwa askari kabla ya kuongoza Idara ya Wanyama wa Pori ya Uganda, alichapisha kitabu juu ya nyoka wa Uganda mwaka 1938, kikatolewa tena baada ya kusahihishwa mwaka 1974. Kazi ya namna hiyo hufanywa kwa kuhesabu magamba ya nyoka waliokwisha kufa, mezani, kwa utulivu. Haifanywi na askari aliye doria gizani, wala na mama aliyebeba kuni.

Basi kanuni ni hii: usipokuwa na hakika, mhesabu nyoka kuwa ana sumu, rudi nyuma polepole, umpe njia. Nyoka hana haja na mtu. Wengi huumwa kwa kumkanyaga, kumshika au kutaka kumwua.

MTU AKIUMWA

Shirika la Afya Duniani lakadiria kwamba watu kati ya 81,000 na 138,000 hufa kila mwaka duniani kwa sumu ya nyoka. Ni kwa uzito huo ndipo mwaka 2017 Shirika hilo lililitia jambo hili katika orodha ya maradhi ya nchi za joto yaliyosahauliwa.

Aliyeumwa alazwe, atulizwe, na kiungo kilichoumwa kifungiwe kijiti ili kisitikisike. Pete, bangili na viatu vivuliwe kabla ya uvimbe. Achukuliwe upesi mpaka hospitali, na asitembee ikiwa yawezekana kubebwa. Msichanje, msifyonze, msikaze kamba, wala msipoteze saa kwa jiwe jeusi na majani. Aliyetemewa sumu machoni asipikiche: aoshwe kwa maji mengi safi, kisha apelekwe kwa daktari.

Wala msihatarishe mtu wa pili kwa kumsaka nyoka. Daktari hutibu kwa kuzitazama dalili. Semeni tu mlichokiona: urefu, shingo, saa na mahali. Mwenye simu aweza kupiga picha kutoka mbali. Nyoka aliyekufa asishikwe kwa mkono, kwani hata kichwa kilichokatwa chaweza kuuma.

KAMBINI NA NYUMBANI

Panapo panya, nyoka hawako mbali, na fira na swila nao hupenda panya. Akina mama waweke nafaka katika vyombo vyenye vifuniko, mabaki ya chakula yafukiwe, na majani yafyekwe kuzunguka nyumba. Marundo ya matofali, mabati na kuni yawe mbali na mlango. Watoto walale juu ya kitanda, ndani ya chandarua kilichochomekwa vizuri. Askari akung'ute viatu na blanketi kabla ya kuvitumia, atazame handaki kabla ya kuingia, na usiku asitembee bila tochi na viatu.

Mla panya akionekana ghalani, nanyi mmemtambua kwa mistari ya kichwani mkiwa mbali, mwacheni apite. Na yule msiyemjua, mwacheni apite vilevile, huku watoto wakikaa mbali naye mpaka aondoke.