Bwana Msa na Mizimu ya Uluguru: Maisha na Riwaya za Muhammed Said Abdulla

1.0 Utangulizi

Muhammed Said Abdulla (1918–1991) ndiye anayetajwa kwanza kila inapoandikwa historia ya riwaya ya upelelezi ya Kiswahili. Hadithi yake Mzimu wa Watu wa Kale ilishinda mashindano ya uandishi wa hadithi yaliyoendeshwa na East African Literature Bureau mwaka 1957/58, ikatolewa kuwa kitabu mwaka 1960. Tangu wakati huo wahakiki wamezoea kumweleza kwa njia mbili. Wapo wanaomwona kuwa mwigaji wa Arthur Conan Doyle: Bwana Msa ni Sherlock Holmes aliyevikwa kanzu, na Najum ni Daktari Watson wake. Wengine wanamwona kuwa mtu wa usasa aliyetumia akili na ushahidi kuuvua ushirikina nguo mbele ya umma. Kauli zote mbili zina ukweli ndani yake. Tatizo ni kwamba kila moja inaishia pale ambapo kazi ya mhakiki ilipaswa kuanzia, na matokeo yake ni kwamba riwaya hizi zimesukumiwa katika fungu la fasihi pendwa, zikasomwa na wengi na kutafitiwa na wachache.

Makala haya yanamsoma Abdulla kwa kusimama Uluguru, mkoani Morogoro. Uchaguzi huu unahitaji kuelezwa, kwa kuwa Abdulla ni mzaliwa wa Makunduchi, Unguja, na riwaya zake hazikujengwa katika milima hii. Sababu ni moja. Katika miaka ileile ambayo riwaya ya kwanza ilikuwa ikitungwa, kusahihishwa na kuchapwa, Uluguru ilikuwa uwanja wa mgogoro mkali baina ya maofisa wa serikali na watu ambao ardhi yao ilifungamana na mizimu. Mgogoro huo unatupa kipimo ambacho riwaya yenyewe haiwezi kutupa: unaonyesha kile ambacho jicho la mkaguzi linakiona mzimuni, na kile ambacho jicho hilohilo haliwezi kukiona.

2.0 Kutoka Idara ya Afya hadi Mkulima

Abdulla alimaliza masomo mwaka 1938, akaajiriwa kuwa mkaguzi katika Idara ya Afya ya Zanzibar. Alikaa katika kazi hiyo takriban miaka kumi. Mwaka 1948 aliingia katika uandishi wa habari, akawa mhariri wa gazeti la Zanzibari, kisha akawa mhariri msaidizi wa Al Falaq, Al Mahda na Afrika Kwetu. Kuanzia mwaka 1958 alihariri Mkulima, jarida la kilimo, hadi alipostaafu mwaka 1968.

Wasifu huu kwa kawaida hutajwa katika aya moja na kuachwa. Katika makala haya unachukuliwa kuwa ufunguo. Mkaguzi wa afya, ambaye watu wa Afrika Mashariki humwita bwana afya, hulipwa kwa kuingia nyumba za watu wengine na kutazama. Hufunua mtungi, huchungulia kisima, huuliza nani amelala wapi na tangu lini anaumwa. Haamini anachoambiwa kwanza, kwa sababu mwenye nyumba ana sababu za kuficha. Bwana Msa, mwenye kiko chake mdomoni, anafanya kazi kwa utaratibu uleule. Kabla ya kutafuta asili yake katika mtaa wa Baker jijini London, ni haki kuitafuta katika daftari la bwana afya wa Unguja. Hata jina lenyewe linasaidia: katika lugha ya ukoloni wa Kiingereza neno “bwana” lilipachikwa mbele ya kazi za ukaguzi, tukapata bwana afya na bwana shamba. Mhariri wa Mkulima alikuwa jirani wa huyo wa pili kwa miaka kumi mizima.

Mpangilio wa kazi zake nao unaeleza jambo. Katika muongo wa utumishi wake Mkulima alitoa riwaya mbili tu, Mzimu wa Watu wa Kale na Kisima cha Giningi (1968), na katikati yake yakapita Mapinduzi ya Januari 1964. Baada ya kustaafu zilifuatana nne katika miaka minne: Duniani Kuna Watu (1973), Siri ya Sifuri (1974), Mke Mmoja Waume Watatu (1975) na Mwana wa Yungi Hulewa (1976). Ya mwisho, Kosa la Bwana Msa, ilitoka mwaka 1984. Vyeo vya riwaya mbili za mwanzo ni vya kutisha: mzimu, na Giningi, mahali ambapo masimulizi ya visiwani husema wachawi hukutana. Vyeo vya baadaye vinahusu watu, ndoa, malezi na siri. Hofu ya kuzimu inapungua, na familia inakuja mbele.

3.0 Mzimu kama mahali pa tukio

Katika Kiswahili neno mzimu lina maana mbili zinazopishana. Ni roho ya aliyekufa, na pia ni mahali pa kuweka sadaka kwa ajili ya roho hiyo: pangoni, chini ya mbuyu, penye magofu. Kisarufi neno hili liko katika ngeli ya mti na mlima, ingawa linataja kitu chenye nia na hasira. Abdulla anautumia upishano huo kwa ustadi. Cheo cha riwaya kinaahidi roho, na kurasa za mwanzo zinatupa mahali: maiti ya Bwana Ali, mwenye mashamba, inakutwa mzimuni. Msomaji anawekwa katika hali ya kushuku kwamba mahali pameua.

Kutoka hapo kazi ya Bwana Msa ni kuzitenga maana hizo mbili. Mahali panabaki, roho inaondolewa. Ufumbuzi unatafutwa katika maisha ya nyuma ya marehemu na katika mahusiano ya walio hai, na mzimu unaonekana kuwa pazia tu. Mbinu hii si ngeni. Katika The Hound of the Baskervilles (1902) Conan Doyle alimtumia mbwa wa jinamizi kwa namna hiyohiyo: hadithi ya kale ya ukoo inageuzwa silaha na mtu anayetamani urithi. Ufanano huo ni wa kweli, lakini nguvu ya mbwa wa Doyle inatoka katika hekaya ya familia moja. Mzimu ni taasisi ya jamii nzima. Anayetaka kujua kama ufumbuzi wa Bwana Msa unatosha hana budi kuuliza taasisi hiyo hufanya nini mahali ambapo bado inafanya kazi.

4.0 Uluguru: mzimu wenye ardhi

Waluguru hufuata ukoo wa mama. Ukoo mkubwa, lukolo, hugawanyika katika matawi yaitwayo tombo, yaani titi, na kwa mapokeo ardhi ilikuwa mali ya tawi hilo, mkuu wake akiwagawia watumiaji. Wazee waliokwisha kufa ndio walioifyeka kwanza, kwa hiyo tambiko kwao ni ibada na pia ni ukumbusho wa nani ana haki ya kulima wapi. Mzimu hapo unakaribia kuwa hati ya kumiliki ardhi.

Mlima huu una pia mzimu uliopita mipaka ya ukoo. Kolelo, roho iliyosemekana kukaa pangoni mashariki ya Uluguru kwa umbo la nyoka, iliendewa hata na Wazaramo kuombwa mvua. Mmisionari Martin Klamroth, aliyeandika kuhusu imani za Wazaramo muda mfupi baada ya vita vya Majimaji, alieleza jinsi mwaka 1905 ujumbe wa Kolelo ulivyobadilika: watu wasilipe tena kodi kwa wageni. Maofisa wa Kijerumani walitafuta mchochezi, mganga au jumbe aliyewadanganya wengine. Hilo ni swali la kipelelezi hasa, nani yuko nyuma ya pazia, na lilikuwa swali dogo mno kwa jambo lililokuwa likitokea.

Nusu karne baadaye swali hilo lilirudi. Kuanzia mwaka 1950 serikali ya Kiingereza iliendesha mpango wa kuhifadhi ardhi ya Uluguru, na kiini chake kilikuwa amri ya kuchimba matuta ya ngazi kwenye miteremko. Kazi ilikuwa nzito, na mahali pengi udongo usio na rutuba ulifukuliwa ukabaki juu, mavuno yakawa haba. Mwezi Julai 1955 pakatokea ghasia Matombo, polisi wakafyatua risasi, mtu mmoja akafa, na mpango ukaporomoka. Roland Young na Henry Fosbrooke walichapisha uchunguzi wao juu ya ardhi na siasa za Waluguru mwaka 1960, mwaka uleule wa Mzimu wa Watu wa Kale. Ni sadfa tu, lakini ina manufaa. Bwana shamba aliona mmomonyoko, na mmomonyoko ulikuwepo kweli. Hakuona kwamba kubadili umbo la shamba ni kugusa haki ya tombo juu ya ardhi, na haki ya waliolala chini yake.

Kwa kipimo hiki upungufu wa Abdulla unaonekana wazi. Mpelelezi anauliza nani ameutumia mzimu. Uluguru inauliza mzimu unamlindia nani. Swali hilo la pili halina nafasi katika umbo la riwaya ya upelelezi, kwa kuwa umbo hilo linahitaji mkosaji mmoja na ukurasa wa mwisho. Ebrahim Hussein, katika tamthiliya ya Kinjeketile (1969), aliichukua imani ya mwaka 1905 akaiacha ifanye kazi mbili kwa pamoja, kuwaunganisha watu na kuwaangamiza, bila kumleta mtu wa kuifichua. Tamthiliya iliweza, kwa sababu haikuwa na deni la ufumbuzi.

5.0 Nasaba

Hata hivyo, kuishia katika upungufu huo ni kumdhulumu mwandishi. Katika riwaya za Abdulla njia ya kuelekea kwa mkosaji mara nyingi hupita katika nasaba: ndoa iliyofichwa, mtoto aliyelelewa kwa jina lisilo lake, ndugu wasiojuana. Bwana Msa anaweza kuchunguza nyayo na majivu, lakini kinachofungua kesi ni jibu la swali la kizee kabisa: huyu ni mtoto wa nani? Mpelelezi anayeifukuza mizimu mlangoni anaikaribisha dirishani, kwa kuwa waliokufa ndio wanaoshikilia maelezo ya walio hai.

Kinole, upande wa mashariki wa milima, kiongozi mwenye sifa ya kuleta mvua hurithi jina la Kingalu pamoja na cheo. Kingalu hufa, na Kingalu yupo. Ili jina lipate mwenyewe, wazee hawana budi kukaa na kutaja akina mama mmoja baada ya mwingine, mpaka haki ya mrithi ithibitike. Kikao hicho na sura za mwisho za riwaya za Bwana Msa vinafanana kuliko wahakiki wa Abdulla walivyokubali: watu wamekusanyika chumbani, mwenye kujua anazungumza, na vizazi vinapangwa upya mbele ya wanaohusika. Tofauti ni kwamba huko Kinole anayetajwa mwisho anapewa jina, na katika riwaya ananyang'anywa.