Mawese Hayaondoi Sumu ya Chura

Mvua zikikaza, simu zinaanza. Mwindaji wa Yahuma, kama si wa Opala au Isangi: mbwa wake kamng'ata chura, povu linamtoka, je, amnyweshe mawese kiasi gani? Kifuniko? Kikombe? Nusu chupa? Hakuna anayeuliza kama ampe au asimpe. Hilo wameshaliamua, wanataka kipimo tu. Basi kipimo ni sifuri. Na cha maziwa ya kopo pia ni sifuri.

Chura mwenyewe mnamjua: yule mdogo wa kwenye majani makavu, rangi ya udongo, ngozi ya vipele. Wengi wao huku kwetu ni wa jenasi Sclerophrys, kama S. gracilipes, anayeenea kwenye kiganja cha mtoto. Hang'ati, hatemi sumu. Nyuma ya kila jicho ana tezi iliyovimba, ambayo ikibanwa hutoa utomvu mweupe mzito. Anayeibana ni mbwa, kwa meno yake mwenyewe. (Ndugu yake mkubwa, S. channingi, haonekani popote duniani ila Kongo. Mwaka 2019 watafiti, akiwemo Chifundera Kusamba wa Lwiro, walieleza kuwa mgongo wake unafanana na kichwa cha Bitis gabonica, nyoka yule mnene wa majanini. Mwenye sumu anayejifanya mwenye sumu kali zaidi!)

Ndani ya utomvu ule kuna bufadienolaidi, kemikali zinazofunga pampu ya sodiamu na potasiamu kwenye seli za moyo, palepale inapofanyia kazi dawa ya moyo iitwayo digoksini. Moyo unapoteza mpangilio, unakwenda polepole mno au ovyo ovyo.

Sasa niambieni mawese yanafanya nini hapo. Sumu inapenyea kwenye ufizi na ulimi, nyinyi mnapeleka mafuta tumboni. Hayainasi, hayaivunji. Kemikali zenyewe ni za aina inayoelewana na mafuta kuliko maji, kwa hiyo sijui ni nani aliyeamua kwamba mafuta ndiyo adui yao. Yahuma mawese ni mengi, na mashamba ya michikichi ya Lokutu yanatokana na mkataba aliopewa Lever, yule tajiri wa sabuni, mwaka 1911. Nadhani kitu kikiwa karibu na mkono hugeuzwa dawa.

Madhara ndiyo yananikasirisha. Mbwa anayetoa povu na kuyumba hamezi vizuri. Unamshika taya, unamimina, na mafuta yanateleza hadi mapafuni bila hata kumkoholesha. Siku chache baadaye anahema kwa shida, kisha anakufa, na lawama anatupiwa chura. Nimepasua mizoga ya namna hiyo: pafu limekuwa gumu kama ini, ukilikata kisu kinatoka na utando wa rangi ya chungwa. Hiyo si kazi ya chura.

“Lakini Daktari, wa jirani alipewa akapona.” Angepona tu. Utomvu ni mchungu, mbwa wengi humtema chura papo hapo, wanatokwa povu kwa muda, halafu wanarudi kulala jikoni. Sifa yanapewa mawese. Wale waliobana tezi sawasawa hawaokolewi na mafuta, ila hao hamnipigii simu kunisimulia habari zao.

Wala msidhani ni sumu ya mbwa peke yake. Kati ya 1993 na 1995, jijini New York, wanaume kadhaa walimeza kijiwe kilichouzwa kama dawa ya nguvu za kiume, nacho kilikuwa na sumu hii hii. Wanne walikufa. Dawa iliyothibitika kusaidia ni kingamwili za digoksini, na hiyo msitegemee kuikuta Yahuma.

Kwa hiyo, haraka haraka. Mwinamishe mbwa kichwa, mwoshe kinywa kwa maji mengi yanayotiririka kwenda nje, sugua ufizi na ulimi kwa kitambaa kilicholowa, kisuuze, rudia. Usimtapishe. Povu bila dalili nyingine, mtazame. Akiyumba, akitetemeka, au ufizi ukiwa mwekundu kama tofali, mpakie kwenye pikipiki umpeleke kwa daktari wa mifugo sasa, si kesho. Wewe uliyemshika chura, nawa kwa sabuni kabla hujagusa macho.

Mtu akimla chura huyo, hata kama alichemshwa asubuhi nzima, sumu haiondoki kwa moto. Akimbizwe hospitali hata kama bado anacheka, apewe mkaa wa dawa, siyo wa jikoni, na moyo wake ufuatiliwe. Waelezeni kabisa kuwa amekula chura, maana wasipoambiwa watatibu malaria. Watoto wanaochota mayai na viluwiluwi kwenye madimbwi ya barabarani wakapike nao wakatazwe: vyura hawa wana sumu tangu wakiwa mayai.