Milioni Tatu Zinazogeuka Tisa

Galbet, mojawapo ya wadi nne za Garissa Mjini, ni mahali ambapo nyumba hujengwa kwa vipande. Mwaka huu msingi, mwakani kuta, na mabati yatakuja mbuzi wakiuzwa au jamaa aliye ng'ambo akituma chochote. Nondo huchomoza juu ya lenta miaka na miaka. Mgeni kutoka Nairobi hudhani ujenzi umekwama, kumbe mwenyewe anasubiri zamu yake ya pesa tu. Nyumba ya namna hii ina sifa moja kubwa: siku inapokamilika, hakuna anayeidai.

Njia nyingine ni mkopo wa nyumba, na huo wengi wa Galbet wameusikia kuliko walivyouonja. Hawako peke yao. Mwishoni mwa 2023, kwa hesabu ya Benki Kuu ya Kenya, mikopo ya nyumba katika nchi nzima ilikuwa takriban 30,000, katika taifa ambalo sensa ya 2019 ilihesabu watu milioni 47.6. Riba ya wastani ilikuwa imepita asilimia 14. Hata hivyo mwalimu, muuguzi au karani wa kaunti mwenye mshahara unaopitia benki hupata simu ya afisa wa mikopo mara kwa mara, naye hutajiwa namba mbili: kiwango cha riba na makato ya kila mwezi. Zote mbili ni za kweli. Ile ya tatu, yaani jumla ya shilingi zitakazotoka mfukoni hadi deni liishe, mara nyingi mkopaji ndiye anayelazimika kuiuliza.

Tuipige hesabu hiyo. Tuseme mwalimu anataka nyumba ya shilingi 3,750,000. Ana akiba ya 750,000 ya malipo ya awali, na benki inamkopesha 3,000,000 kwa riba ya asilimia 14 kwa mwaka, inayotozwa juu ya salio linalopungua, kwa miaka 20. Kila mwezi atakatwa takriban 37,300. Zidisha kwa miezi 240 na jibu ni karibu 8,950,000. Amekopa milioni tatu, atarudisha karibu milioni tisa.

Kinachowashangaza wengi zaidi kuliko jumla hiyo ni mpangilio wake. Katika makato ya mwezi wa kwanza, shilingi 35,000 ni riba tupu, na zile 2,300 zilizobaki ndizo zinazogusa deni. Mwezi wa pili ni karibu vivyo hivyo. Baada ya miaka kumi mwalimu atakuwa amelipa takriban 4,480,000, zaidi ya alichokopa, na akiuliza salio ataambiwa bado anadaiwa kama 2,400,000. Hapo ndipo watu hudhani wameibiwa. Hawajaibiwa, ndivyo hesabu ya salio linalopungua inavyokwenda deni likiwa kubwa na muda ukiwa mrefu. Riba hulipwa kwanza, deni hufuata nyuma.

Muda ndio unaouma, nao ndio rahisi kuuchezea. Mwalimu akilalamika kwamba 37,300 ni nyingi, afisa anaweza kumwongezea miaka mitano. Makato yatashuka hadi kama 36,100, nafuu ya takriban shilingi 1,200 kwa mwezi. Jumla nayo itapanda hadi 10,830,000. Yaani kwa nafuu hiyo ndogo ya mwezi amekubali kulipa karibu milioni 1.9 zaidi. Akigeukia upande wa pili na kuchagua miaka 15, makato yatakuwa kama 39,950 na jumla itashuka hadi 7,190,000. Tofauti ya shilingi 2,650 kwa mwezi inamwokolea zaidi ya milioni 1.7. Mtu akikumbuka sehemu moja tu ya makala haya, na iwe hii.

Lakini si kila mtu anaweza kuuchagua muda mfupi. Sheria ya Ajira ya 2007 haimruhusu mwajiri kukata zaidi ya theluthi mbili ya mshahara, na benki huutumia mpaka huo kumpimia mtu deni. Mwenye mkopo wa Sacco tayari husukumwa kwenye muda mrefu, kwa sababu ni makato madogo pekee yanayoingia katika nafasi iliyobaki. Asiye na nafasi ya kutosha huishia kulipa zaidi. Kwa upande mwingine, wabunge wa Kenya wana mpango wao wa mikopo ya nyumba kwa riba ya asilimia 3. Milioni 3 kwa kiwango hicho, kwa miaka 20, hurudi bila hata kufikisha milioni 4. Ukijumlisha shilingi za riba, mwalimu wa Galbet analipa karibu mara sita ya mheshimiwa wake kwa nyumba ya bei ileile.

Halafu kuna kigeugeu cha riba yenyewe. Familia nyingi za Garissa zina abti (mjomba) au eedo (shangazi) anayeishi Minneapolis, na ushauri wake kwa simu huwa ni mmoja: chukua mkopo mapema, riba ifungwe, upumzike. Kwake ni kweli. Nchini Marekani mkopo wa miaka 30 wenye riba isiyobadilika ni jambo la kawaida. Kenya, mikopo mingi ya nyumba hupanda na kushuka na soko. Kiwango cha msingi cha Benki Kuu kilikuwa asilimia 7 kuanzia Aprili 2020 hadi Mei 2022; kufikia Februari 2024 kilikuwa asilimia 13, na hakikuanza kushuka hadi Agosti mwaka huo. Wazee wa mikopo wanakumbuka mbaya zaidi: Desemba 2011 kiwango hicho kilifika asilimia 18. Bunge lilijaribu kuwafunga wenye benki breki mwaka 2016 kwa sheria iliyozuia riba isizidi pointi nne juu ya kiwango cha msingi. Benki zikawa ngumu kukopesha wateja wadogo, na Novemba 2019 sheria hiyo ikaondolewa.

Mabadiliko hayo yanamfika vipi mkopaji? Chukua aliyekopa milioni 3 kwa asilimia 12, akipangiwa makato ya takriban 33,000. Riba ikiruka hadi asilimia 15 siku za mwanzo, riba peke yake ni 37,500 kwa mwezi. Makato yake ya zamani hayatoshi hata kuilipa, seuze deni. Ama aongezewe makato, ama aongezewe miaka, na tumeshaona miaka inafanya nini.

Wapo watakaosema hapa: sisi riba hatuli, basi hesabu hizi hazituhusu. Hoja hiyo ina uzito katika mji ambao wengi ni Waislamu, na benki zinaijua. Gulf African Bank na First Community Bank zilifungua milango mwaka 2008 kwa misingi ya sharia. Ya pili sasa inaitwa Premier Bank. Benki kadhaa za kawaida nazo zina madirisha yao ya Kiislamu. Kwa nyumba, njia kubwa ni mbili. Katika murabaha benki hununua mali na kumuuzia mteja kwa bei ya juu zaidi, inayojulikana tangu siku ya kwanza na kulipwa kidogo kidogo. Katika musharaka inayopungua, benki na mteja huimiliki nyumba kwa pamoja. Mteja hulipa kodi kwa sehemu ya benki huku akiinunua sehemu hiyo kipande kwa kipande.

Kifiqhi tofauti na mkopo wa riba ni kubwa, na wanazuoni ndio wa kuieleza. Kimfuko, shilingi ni ileile na inafaa kuhesabiwa vilevile. Faida ikitajwa kuwa asilimia 10 kwa mwaka, swali la kwanza ni: asilimia 10 ya nini? Kama inahesabiwa juu ya kiasi chote cha mwanzo, basi milioni 3 kwa miaka 20 huzaa faida ya milioni 6, na jumla ni milioni 9. Asilimia 10 ya namna hiyo ni sawa na ile asilimia 14 ya benki ya kawaida, hata kuizidi kidogo. Sokoni watu hulinganisha kumi na kumi na nne na kudhani wameona nafuu.

Haki yake nayo isemwe. Bei ya murabaha ikishafungwa, Benki Kuu inaweza kupandisha viwango itakavyo na mnunuzi asitozwe shilingi ya ziada. Faini ya kuchelewa nayo kwa kawaida haiwi pato la benki, huelekezwa kwenye sadaka. Lakini kodi katika musharaka inaweza kupitiwa upya kila baada ya muda, kwa hiyo kabla ya kutia sahihi ni vyema kujua itapitiwa lini na kwa kipimo gani.

Gharama za mlangoni watu huzisahau kwa sababu hulipwa mara moja. Ushuru wa stempu katika maeneo ya mji ni asilimia 4 ya thamani ya mali: kwa nyumba ya mwalimu wetu, 150,000. Kusajili rehani kunatozwa asilimia 0.1 ya mkopo. Kuna wakili, mthamini, ada ya benki ya kushughulikia mkopo, bima ya maisha na bima ya moto, ingawa bima hizo hulipwa mwaka hadi mwaka. Nyingi ya gharama hizi zinataka fedha taslimu, wakati akiba yote imeshaingia kwenye malipo ya awali.

Garissa, hata hivyo, mlango wa kwanza kabisa ni karatasi. Benki inataka hatimiliki. Sehemu kubwa ya ardhi ya kaunti hii ni ya jamii, ikisimamiwa sasa chini ya Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016, na ndani ya mji ploti nyingi zina barua ya ugavi tu. Mwenye barua anaweza kujenga, kupangisha na hata kuuza kwa mashahidi, lakini kwa benki hana cha kuweka rehani. Gharama na miaka ya kupima, kufuatilia na kusajili ploti ni sehemu ya gharama ya mkopo, ingawa haiandikwi kwenye fomu yoyote.

Na mambo yakiharibika? Sheria ya Ardhi ya 2012 inamtaka mkopeshaji ampe mdaiwa ilani ya siku 90, kisha ya siku 40 kabla ya kuuza, na dalali naye ana siku 45 zake. Nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi. Mali yoyote iliyowekwa rehani ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kwamba mkopeshaji hakutimiza wajibu wa kutafuta bei nzuri, mpaka athibitishe vinginevyo. Sheria ya Benki nayo, kifungu cha 44A, inazuia riba kwenye mkopo uliokwama isizidi deni lililokuwa limebaki siku ulipokwama. Ni ngao nzuri, ila ina kichekesho chake: inamkinga aliyeshindwa kulipa. Mwalimu wetu asiyekosa hata mwezi mmoja atalipa riba ya karibu milioni 6 juu ya deni la milioni 3, na hakuna kifungu kilichovunjwa.

Je, basi mkopo ni wizi? Hapana. Anayepanga naye analipa. Kodi ya 18,000 kwa mwezi, hata isipopanda kamwe, ni 4,320,000 kwa miaka 20, na mwishowe mpangaji anarudisha funguo. Shilingi nayo hupungua nguvu. 37,300 za mwaka wa ishirini hazitauma kama za leo. Na tangu mwisho wa Desemba 2024, anayeishi katika nyumba aliyoikopea anaweza kuondoa riba ya hadi 360,000 kwa mwaka kwenye pato linalotozwa kodi. Aliye katika ngazi ya kodi ya asilimia 30 anaokoa hadi 108,000 kwa mwaka, yaani 9,000 kwa mwezi. Si wote wanaodai haki hii. Aliye na njia ya kupata mkopo wa chini ya asilimia 10, kama ule unaogharimiwa na Kenya Mortgage Refinance Company iliyopewa leseni mwaka 2020, hesabu yake hubadilika kabisa: kwa asilimia 9, jumla ya mwalimu inashuka kutoka 8,950,000 hadi takriban 6,480,000.

Na kuna silaha ambayo Galbet inaifahamu kuliko benki yoyote: ayuuto. Wanawake wa sokoni na watumishi wa ofisini huchanga kila mwezi, mmoja mmoja akapokea kitita. Tuseme zamu ya mwalimu imeangukia mwisho wa mwaka wa kwanza wa mkopo, amepokea 100,000, na ameipeleka yote kwenye deni bila kubadili makato. Mkopo utaisha miezi 31 mapema, naye ataokoa zaidi ya milioni moja. Laki hiyohiyo ikipelekwa mwishoni mwa mwaka wa kumi na tano, itakata miezi mitano hivi na kuokoa chini ya laki moja. Kabla ya kuipeleka, asome kama mkataba unatoza faini kwa anayelipa mapema, na aieleze benki kwa maandishi kwamba fedha hizo zipunguze deni, zisihesabiwe kama makato ya miezi ijayo. Mwenye murabaha ana swali lake tofauti, kwa kuwa faida imo ndani ya bei na kulipa mapema hakuipunguzi kwenyewe. Msamaha wa sehemu ya faida, unaoitwa ibra, kwa kawaida hutolewa kwa hiari ya benki, na wakati wa kuuliza kama utatolewa, na kwa kiasi gani, ni kabla ya kutia sahihi.