Samaki Mkavu wa Norwe na Bei Yake

Msomaji aliyezoea ng'onda na papa wa pwani yetu, aliyeona samaki wakipasuliwa, wakatiwa chumvi, kisha wakaanikwa juani na kulindwa mchana kutwa kwa hofu ya nzi, atastaajabu kusikia kwamba iko nchi ambako samaki hukaushwa pasipo ukali wa jua wala punje moja ya chumvi, na bidhaa hiyo ikavuka bahari na kuuzwa ng'ambo tangu karne nyingi. Nchi hiyo ni Norwe, na mahali penyewe ni visiwa vya Lofoten, vilivyo kaskazini mno, ambako katika Desemba hupita wiki kadhaa jua lisichomoze.

Kila mwaka baina ya Januari na Aprili, samaki aitwaye torsk (kamusi zetu humwita chewa, ijapokuwa chewa tumjuaye sisi, yule wa miambani, ni wa jamaa nyingine kabisa) hutoka katika bahari ya Barents akaja kutaga mayai katika maji ya visiwa hivyo. Akishavuliwa hukatwa kichwa, akatumbuliwa, kisha hufungwa wawili wawili kwa mikia na kutundikwa juu ya chanja ndefu za miti, akae hapo mpaka Mei au Juni. Kazi iliyobaki ni ya upepo. Baridi ya majira yale hukaa karibu na nyuzi sifuri, kiasi cha kumzuia samaki asioze na nzi asiamke. Ikizidi, barafu huivuruga nyama yake, na mvua na joto vikizidi, hushikwa na ukungu. Kilo 5 za samaki mbichi hurudi kuwa kilo 1 tu, mkavu kama ukuni, hata ukiwagonganisha wawili utasikia mlio wa mti kwa mti. Anayeona bei ya kilo moja akashtuka, na akumbuke kwamba maji yamekwisha kuondolewa katika mizani.

Zamani aliyekuwa na kauli juu ya bei hiyo hakuwa mvuvi. Mji wa Bergen ndio uliokuwa Unguja ya biashara hii, na matajiri wa Kijerumani wa umoja wa Hansa waliweka humo ofisi yao kuu yapata mwaka 1360, isifungwe mpaka 1754. Nafaka haisitawi kaskazini, basi wavuvi walishuka Bergen na majahazi yaliyosheheni samaki mkavu, wakarudi na unga. Na mwaka ambao samaki hawakutosha, tajiri aliwakopesha unga kwa ahadi ya samaki wa mwaka ujao, likawa deni juu ya deni, hata mdaiwa hana ruhusa ya kumwuzia mtu mwingine. Watu wa pwani waliokwisha kuona mvuvi akipewa nyavu na tajiri, kisha akampelekea huyo huyo samaki wake kwa bei aipendayo yeye, hawahitaji kufafanuliwa zaidi.

Katika mwaka 1938 serikali ya Norwe iliweka sheria iliyokipa chama cha mauzo cha wavuvi wenyewe, Norges Råfisklag, mamlaka ya kutangaza bei ya chini kabisa ya samaki mbichi, wala mnunuzi hana ruhusa ya kushuka chini yake. Kwa maoni yangu, hakuna kitu katika nchi ile kinachostahili kutazamwa na wavuvi wetu kuliko sheria hiyo. Ni kweli kwamba hasara yote ya hali ya hewa humwangukia mkaushaji, ambaye hulipa bei kamili mwezi wa Machi asijue mwezi wa Juni atateremsha nini kutoka katika chanja zake. Lakini yeye walau ana ghala na benki.

Hukumu ya mwisho hutolewa na mchambuzi, ambaye wao humwita vraker. Humwinua samaki mmoja mmoja, akamtazama mgongo, akambonyeza, akamnusa penye shingo, na kufumba na kufumbua amekwisha kumtupa katika fungu lake, na mafungu hayo ni yapata 20. Aliye mrefu, mwembamba, asiye na doa, huitwa ragno naye huenda Italia, ambako habari zake zilienezwa na Pietro Querini, tajiri wa Venice, ambaye alivunjikiwa na chombo akatupwa karibu na kisiwa cha Røst mwanzoni mwa 1432, akalishwa na wavuvi wa huko kwa muda wa miezi mitatu. Mwenye madoa au aliyeumwa na baridi huingia katika daraja la Afrika, maana yake hasa Nigeria.

Huko Nigeria, Waigbo humwita okporoko, na mchuzi wa heshima haukamiliki bila yeye. Alijulikana tangu kabla ya vita vya Biafra, 1967 hadi 1970, lakini shehena za msaada zilizoletwa kwa ndege wakati wa njaa ile zilimtia katika kumbukumbu za watu wengi. Hata vichwa, ambavyo Mwitalia hana haja navyo, hukaushwa mbali na kupelekwa Lagos kwa magunia. Na thamani ya naira ikianguka, vichwa hulala maghalani Lofoten.

Yuko na ndugu yake wa chumvi, klippfisk, aliyepata jina kwa kuanikwa juu ya majabali, ambaye Mholanzi mmoja, Jappe Ippes, alipewa idhini ya kumfanyia biashara katika Kristiansund mwaka 1691. Huyo ni wa Wareno na Wabrazili, na siku hizi hukaushwa kwa mashine.

Samaki wenyewe wamepungua. Kiwango ambacho Norwe na Urusi zilikubaliana kuvua katika Barents kwa mwaka 2025 kilikuwa tani 340,000, kidogo kuliko miaka yote iliyotangulia tangu 1991, na bei ya samaki mbichi ikapanda hata wakaushaji wakaanza kuhesabu chanja zilizo tupu. Watoto wa Lofoten hawajaacha kazi yao ya kale: wakitoka shuleni huvaa aproni za mpira, wakachoma kila kichwa katika msumari uliosimama, wakakata ulimi kwa mkato mmoja, na kuuza ndimi hizo kwa kilo, kisha vichwa visivyo na ndimi hutungwa kambani, vikasubiri upepo.