Nati ikifika mwisho

Timboroa iko zaidi ya mita 2,700 juu ya bahari, Nakuru 1,850 hivi. Tofauti hiyo ndiyo mteremko wa Sachangwan na Salgaa, ambako malori yalipata sifa mbaya kwa kuachiliwa fri ili kuokoa dizeli. Mwanabodaboda naye hufanya vivyo hivyo kuokoa petroli, ila yake haitangazwi. Gia ikishatolewa, injini haizuii tena gurudumu. Uzito wa pikipiki, wa mwendeshaji, wa abiria mmoja anayeruhusiwa na sheria, na pengine gunia la viazi vya Molo, wote unaachiwa breki za dramu.

Ndani ya dramu mna breki shu mbili zinazotanuka na kusugua chuma. Zikisugua mfululizo hupata moto, na breki iliyopata moto hukanyagwa isishike. Shu zikilika, pedali hushuka. Hapo ndipo spana hutoka: nati iliyo nyuma ya fimbo ya breki inakazwa mizunguko miwili, pedali inapanda, kazi inaendelea. Shu ni zile zile. Pikipiki nyingi zina mshale mdogo kwenye mkono wa breki, ubavuni mwa dramu. Kanyaga, kisha uutazame: ukipita alama, shu zimekwisha, hata kama pedali ingali juu. Sijui ukaguzi mwingine wenye faida kama huo, na haulipiwi.

Cheni nayo ina visa vyake. Vumbi la Njoro likinaswa na oili chakavu, ambayo wengi huipaka kwa kuwa ni ya bure, linageuka msasa unaokula meno ya spoketi. Cheni iliyolegea ikiruka inaweza kufunga gurudumu la nyuma papo hapo.

Lakini mwendeshaji asilaumiwe peke yake. Wengi hawamiliki chombo. Jioni wanapeleka hesabu kwa mwenyewe. Sasa shu mpya zinunuliwe na nani? Huyu anasema pikipiki si yake, yule anasema hajaambiwa ina tatizo. Mapatano ni ya mdomo: hesabu ya siku, petroli, basi. Breki hazitajwi.

Steji zina viongozi, na anayeruka foleni hutozwa faini. Viongozi hao hao wanaweza kutazama mishale ya breki kila Jumatatu kabla ya abiria wa kwanza kupanda, na bei ya shu ikatwe kwenye hesabu ya mwenye chombo siku hiyo hiyo.